Kesi ya Nyani Isipelekwe kwa Ngedere



Mada niliyopewa inahusu uadilifu katika upelelezi wa makosa ya jinai. Mara nyingi tunapozungumzia haki mahakamani, macho yetu humwelekea hakimu. Tunauliza: Je, ni mwadilifu? Je, hapokei rushwa? Maswali hayo ni ya lazima, lakini hayatoshi. Hakimu hakuwapo siku ya tukio. Yeye huyajua yale tu yanayofikishwa mbele yake: maelezo ya mashahidi, ripoti ya daktari na vielelezo vilivyokusanywa. Jalada likiharibiwa kituoni, hata hakimu mwadilifu kabisa aweza kutoa hukumu iliyopotoka, naye asijue.

Basi yafaa tujiulize: Je, kama anayelipeleleza shauri ndiye mwenye sababu ya kuuficha ukweli, mnyonge akimbilie wapi? Waswahili husema kwamba kesi ya nyani haipelekwi kwa ngedere. Napenda nilieleze jambo hili kwa mfano wa kweli kutoka India.

Mama mmoja wa Gujarat

Mwaka 2002 zilizuka ghasia kubwa katika jimbo la Gujarat, na wengi waliouawa walikuwa Waislamu. Mnamo tarehe 3 Machi mwaka huo, mama mmoja kijana, mwenye mimba ya miezi mitano, alikuwa anakimbia pamoja na jamaa zake. Kundi la wanaume likawafikia. Mama huyo akabakwa, na jamaa zake wakauawa mbele yake, akiwemo binti yake wa miaka 3. Yeye mwenyewe akaachwa wakidhani amekwisha kufa.

Alipopata fahamu alikwenda kituo cha polisi kushtaki. Lakini maelezo yake hayakuandikwa kama alivyoyatoa. Habari ya kubakwa haikuandikwa, wala majina ya watu aliowatambua hayakuandikwa. Mwaka uliofuata shauri likafungwa kwa madai kwamba ushahidi hautoshi. Angalieni, ndugu zangu! Ushahidi ulipungua kwa sababu aliyepaswa kuukusanya ndiye aliyeupunguza.

Mama huyo hakukata tamaa. Alikwenda kwenye Tume ya Taifa ya Haki za Binadamu, kisha akapeleka ombi Mahakama ya Juu ya India. Mnamo Desemba 2003 Mahakama hiyo iliondoa upelelezi mikononi mwa polisi wa jimbo na kuukabidhi kwa Idara Kuu ya Upelelezi, ijulikanayo kwa herufi CBI. Wapelelezi wapya wakafukua makaburi, wakahoji mashahidi upya, na wakawashtaki si wauaji tu, bali pia baadhi ya polisi na madaktari. Mwaka 2004 Mahakama ya Juu ikaihamisha hata kesi yenyewe, ikasikilizwe Mumbai, mbali na vitisho.

Mnamo Januari 2008 wanaume 11 walihukumiwa kifungo cha maisha. Mwaka 2017 Mahakama Kuu ya Bombay ilithibitisha hukumu hiyo, na zaidi ya hapo ikawatia hatiani polisi watano na madaktari wawili ambao hapo awali walikuwa wameachiwa. Hivyo ikathibitika kwamba jalada la kwanza halikuwa na upungufu wa bahati mbaya. Liliharibiwa na watu.

Mamlaka hii ina mipaka

Kwa kawaida CBI haiwezi kuingia jimboni kupeleleza bila idhini ya serikali ya jimbo hilo. Je, mahakama yaweza kuamuru hivyo bila idhini? Mnamo tarehe 17 Februari 2010 majaji watano wa Mahakama ya Juu walijibu kuwa ndiyo, maana kulinda haki za msingi za raia ni wajibu wa mahakama ambao serikali ya jimbo haiwezi kuuzuia. Lakini wakaonya kwamba mamlaka hiyo itumike kwa nadra. Haitoshi mtu kuwalaumu polisi tu. Lazima pawepo sababu nzito. Hilo nalo ni uadilifu, kwani askari mwema pia ana haki ya kutodhaniwa mwovu.

Tena, ndugu zangu, tusidhani kwamba jina la idara huru latosha. Mwaka 2013 Mahakama hiyohiyo iliilaumu CBI kwa kuwaonyesha wakuu wa serikali ripoti ya upelelezi, ikaifananisha na kasuku aliyefungiwa tunduni. Vilevile, Januari 2010 Mahakama iliikabidhi CBI kesi ya mtu aliyeuawa na polisi wa Gujarat mwaka 2005. Mashahidi wengi waligeuza maneno yao mahakamani, na Desemba 2018 washtakiwa wote 22 wakaachiwa. Kuhamisha jalada hufungua mlango. Haki haipatikani mpaka watu wapite mlangoni humo wakiwa na ukweli.

Hata yule mama wa Gujarat taabu yake haikuishia kwenye hukumu. Tarehe 15 Agosti 2022 wafungwa wale 11 waliachiwa kwa msamaha wa serikali ya jimbo, wakapokewa kwa mashada ya maua. Ikambidi arudi tena mahakamani. Tarehe 8 Januari 2024 Mahakama ya Juu ikautangua msamaha ule, ikawaamuru warudi gerezani katika muda wa wiki mbili, nao wakarudi. Tangu siku ya tukio ilikuwa imepita karibu miaka 22.

Wajibu wetu

Tunajifunza nini? Kwanza, mwenye kutuhumiwa, au aliye upande wake, asiachiwe upelelezi, awe askari, awe kiongozi, awe sisi wenyewe katika mambo ya msikiti na familia zetu. Mara ngapi tumeunda kamati ya kuchunguza fedha zilizopotea, tukamweka humo aliyezitunza?

Pili, anayedhulumiwa asiachwe peke yake. Tumsindikize kituoni, tuhakikishe maelezo yake yanasomwa kwake kabla hajatia sahihi, na tukumbuke tarehe na majina.

Tatu, tuwe mashahidi wa kweli hata kama ukweli unamuumiza ndugu yetu. Mahakama yaweza kumbadilisha mpelelezi, lakini haiwezi kumfungua kinywa shahidi aliyeamua kunyamaza.

Mwenyezi Mungu atujalie kuwa miongoni mwa wasimamizi wa haki. Amin.