Gunia Halipo, Takwimu Ipo
Mada iliyotolewa katika semina ya Haki na Amani, Itaka



Tuseme usiku wa leo gunia la kahawa limeibiwa hapa Itaka. Kesho asubuhi vijana 12 waliokutwa kijiweni wanakamatwa. Jioni inatangazwa kwamba watuhumiwa 12 wametiwa mbaroni na msako unaendelea. Baada ya siku 5 wote wanaachiliwa, na hilo halitangazwi. Gunia halipo, lakini takwimu ipo, tena inapendeza! Naye mama aliyepigwa na mumewe, akifika kituoni akaambiwa, "Mkayamalize nyumbani," haandikwi daftarini. Basi uhalifu umepungua.

Mnacheka. Lakini tamaa ya kuonyesha matokeo imewahi kuua watu katika nchi yetu. Mwaka 1976 vyombo vya dola viliendesha msako mkubwa Mwanza na Shinyanga ili kukomesha mauaji yaliyokuwa yamezidi huko. Mamia ya watu walikamatwa, wengine wakateswa, na baadhi yao wakafia mikononi mwa waliowashika. Waliokwenda kukomesha vifo wakaviongeza. Januari 1977 Waziri wa Mambo ya Ndani, Mzee Ali Hassan Mwinyi, alijiuzulu, pamoja na Waziri Peter Siyovelwa. Mzee Mwinyi hakumpiga mtu yeyote; ila mkubwa wa wapigaji hawezi kunawa mikono. (Wakubwa wanaoogopa kujiuzulu wakumbuke kwamba mwaka 1985 mzee huyo alikuwa Rais.)

Kuhesabu upya nako kumewahi kuwa na hatari yake. Mwaka 2018 Sheria ya Takwimu ilirekebishwa, na kutangaza hesabu za kupotosha zile za Serikali kukawekewa adhabu. Mwaka 2019 ikalegezwa.

Kwa hiyo msiridhike kusikia wangapi wamekamatwa. Ulizeni wangapi wamefikishwa mahakamani, na baada ya muda gani. Ibara ya 13 ya Katiba yakataza kumtendea mtuhumiwa kama mkosaji kabla kosa halijathibitishwa. Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai ya mwaka 1985 yataka aliyekamatwa bila hati afikishwe mahakamani ndani ya saa 24 au apewe dhamana, isipokuwa kosa liwe zito.

Kijana wenu akichukuliwa, andikeni saa aliyokamatwa, kituo alikopelekwa na sababu iliyotajwa. Dhamana ya polisi hailipiwi. Mkidaiwa fedha, ombeni stakabadhi.