Ua Dogo la Jangwani



Wengi wetu twaijua pareto, na alizeti pia. Mimea hiyo ni ya ukoo mmoja, na ukoo huo una ajabu yake: kitu tukiitacho ua moja kwa kweli ni maua mengi madogo yaliyokusanyika katika kichwa kimoja. Kitazameni kichwa cha alizeti. Kila mbegu imetoka katika ua lake. Leo nataka kuwaeleza habari za ndugu yao mmoja, ambaye hata wataalamu hawakumjua mpaka juzijuzi.

Huko Marekani, katika jimbo la Texas, mpakani na Meksiko, iko hifadhi ya taifa iitwayo Big Bend. Nchi ile ni jangwa la mawe na joto kali. Mwezi wa Machi mwaka 2024, bibi mmoja afanyaye kazi ya kujitolea hifadhini aliona penye changarawe mmea mdogo mno, umefunikwa na manyoya meupe kama sufu. Angaliweza kuukanyaga akapita. Badala yake mmea ulipigwa picha, na picha zikapelekwa katika intaneti ili wajuzi wautaje jina. Hakuna aliyeweza.

Ndipo wataalamu, wakiwamo wa California Academy of Sciences, walipouchunguza mpaka chembe zake za urithi. Mwaka 2025 walitangaza kwamba haufanani vya kutosha na mmea wowote uliojulikana, hata ikabidi upewe jenasi yake peke yake. Wakauita Ovicula biradiata. Neno la kwanza ni la Kilatini, maana yake kondoo mdogo, kwa ajili ya ile sufu. La pili lahusu petali zake za pembeni, ambazo mara nyingi ni mbili tu, nazo hukaa kama pembe. Kwa sababu ya pembe hizo wengine huuita shetani mwenye manyoya, naona wameudhulumu. Ilikuwa yapata miaka 50 tangu jenasi mpya ya mmea kugunduliwa katika hifadhi ya taifa nchini humo.

Lakini furaha hiyo imechanganyika na hofu. Mmea huu huchipuka baada ya mvua, tena umeonekana mahali pachache tu, katika pembe ya kaskazini ya hifadhi. Jangwa lenyewe lazidi kukauka. Wagunduzi wake wameonya kwamba yamkini wameupa jina mmea ulio njiani kutoweka. Na mwaka usio na mvua, mwenye kuutafuta hana la kufanya ila kungoja mawingu.