Kushuka Kilimani



Liko neno dogo la Kiingereza ambalo watoto wetu hujifunza mapema shuleni, nalo ni "down", maana yake chini. Lakini kusini mwa Uingereza viko vilima vya nyasi, malisho ya kondoo tangu zamani, navyo huitwa Downs. Je, yawezekanaje kilima kuitwa chini?

Wenye kujua lugha hueleza hivi. Zaidi ya miaka 1,000 iliyopita, "dun" lilikuwa neno la kilima. Mtu aliyeteremka alisemwa ametoka "of dune", yaani kutoka kilimani. Siku zilivyopita, sehemu ya mbele ikadondoka, likabaki neno la kilima peke yake, nalo likashika maana ya chini. Basi katika asili ya neno hilo, chini ni mahali afikapo mtu aliyetoka juu.

Sisi wa Nyeri twalifahamu jambo hilo kwa miguu yetu. Twaishi juu ya migongo ya nchi, na kati ya mgongo na mgongo hupita mito kama Chania na Gura, itokayo Nyandarua. Kwetu barabara iko juu, shule iko juu, na kanisa liko juu. Mtoni ni chini.

Huko chini anakaa mama mmoja mzee wa ushirika wetu. Miguu ilipomshinda kupanda, mahali pake kanisani pakawa patupu. Tulimwombea kila Jumapili kwa miezi mitatu, tukiwa kule juu. Siku tuliposhuka hatimaye, alituuliza neno moja tu: "Wanangu, kwani njia iliharibika?" Tulikosa la kujibu.

Wapendwa, someni Luka sura ya 9. Petro alitaka kujenga vibanda mlimani, kwa kuwa palikuwa pazuri. Lakini siku ya pili Bwana alishuka, na huko chini akamkuta baba akimlilia mwanawe wa pekee, ambaye wanafunzi walishindwa kumponya. Kama Bwana angebaki mlimani, mtoto yule angesaidiwa na nani?

Kupanda kwenda ibadani ni kwema, ila ibada yetu haijatimia mpaka tumeshuka. Juma hili tujiulize: ni nani anayetungoja chini ya mgongo wetu?

Tuombe. Ee Bwana, uliyeshuka kwa ajili yetu, utusamehe kwa kukawia kwetu, utupe miguu ya kushuka. Amina.