Mishtuko Si Matusi: Maneno Yaliyosemwa Katika Kivuko cha Grande Barrière



Nawaombeni dakika chache kabla hamjarejea katika foleni.

Miaka kadhaa iliyopita, nikiwa katika kituo kingine, alifika mbele yangu kijana pamoja na mama yake. Kijana alitikisa shingo, akapepesa macho, kisha akatoa sauti kama ya kubweka. Nikadhani ananidhihaki. Nilimtoa katika foleni, nikamhoji kwa ukali. Na kadiri nilivyopaza sauti, ndivyo mishtuko yake ilivyozidi. Mama akaniambia kwa upole, "Afande, mwanangu hakutukani. Mwili wake ndio unaomtangulia."

Hali ile huitwa ugonjwa wa Tourette, kwa jina la Georges Gilles de la Tourette, tabibu wa Ufaransa aliyeueleza mwaka 1885. Chanzo chake kimo katika ubongo. Huanza utotoni, mara nyingi kati ya umri wa miaka 5 na 10, na huwapata wavulana zaidi kuliko wasichana. Mgonjwa hutikisa kichwa au mabega, huguna au hupiga kelele pasipo kutaka. Aweza kujizuia kwa muda mfupi, kama mtu azuiavyo chafya, lakini mwishowe hushindwa. Wachache tu hutamka matusi, nao hawayakusudii. Si ulevi, si pepo, si uchawi, wala hauambukizi.

Tim Howard, aliyekuwa mlinda lango wa Marekani, anaishi na ugonjwa huu tangu utotoni, wala hakuuficha. Katika Kombe la Dunia la 2014 aliokoa mipira mingi mno dhidi ya Ubelgiji, hata nahodha wa wapinzani wake, Vincent Kompany, akamsifu hadharani.

Ndugu zangu, msongamano, haraka na sare zetu huleta wasiwasi, na wasiwasi huzidisha mishtuko. Kwa hiyo nina maombi matatu. Kwanza, mwenye hali hii au mzazi wake atuarifu mapema afikapo; si aibu. Pili, walio katika foleni wasimcheke, wasimpige picha, wasimshike. Tatu, sisi askari tuulize kwa sauti ya chini na tumpe nafasi ya kutulia. Hati zake zitakaguliwa kama za kila mtu, lakini ukaguzi hauhitaji fedheha.

Nanyi wazazi, msimpige mtoto kwa mishtuko yake. Mpelekeni kituo cha afya. Hakuna dawa ya kuuondoa ugonjwa huu kabisa, lakini yako matibabu na mazoezi ya kuidhibiti mishtuko, na kwa wengi hupungua wanapokuwa watu wazima.

Yule kijana sikumwomba radhi siku ile. Namwomba leo, mbele yenu. Wahenga walisema: hujafa, hujaumbika.