Kilemba Hakina Risiti

Julai 2025 serikali ya Tanzania ilipiga marufuku wasio raia kufanya aina 15 za biashara, zikiwemo za jumla na rejareja. Wafanyabiashara wengi wa soko la Kariakoo, Dar es Salaam, walishangilia. Walikuwa wamechoka kushindana dukani na wale wale waliokuwa wakiwauzia mzigo China. Hasira yao naielewa. Ila amri ile imegusa kaunta ya duka, na bei ya Kariakoo hupangwa kabla mzigo haujafika kwenye kaunta.

Pita Mtaa wa Kongo asubuhi, ulizia begi la shule. Kijana atakwambia, "Lipo bosi, ngoja nikuletee," kisha anatokomea. Huyo ni winga: hana fremu ya duka wala mzigo. Begi analichukua duka la tatu kutoka hapo, anaweka cha juu chake, anakukabidhi. Mwenyeji anayeyajua maduka hulipata begi hilo hilo kwa bei ya chini. Maduka yamebanana, na bado ushindani haujakamilika, maana kuijua bei yenyewe kunataka miguu na muda.

Wachumi waliliona hili mapema. Mwaka 1933 Joan Robinson huko Uingereza na Edward Chamberlin huko Marekani, kila mmoja kivyake, walionyesha kwamba hata pasipo mhodhi mmoja wa soko zima, muuzaji anaweza kubaki na nguvu yake ya kupanga bei. Mwaka 1979 Paul Krugman akaliingiza wazo hilo kwenye biashara ya kimataifa, pamoja na lile la kwamba kiwanda kikitengeneza vingi, gharama ya kimoja hushuka.

Ndiyo maana kiwanda cha Guangzhou, China, hakina haja na oda ya mabegi ishirini. Mwenye mtaji mdogo anachangia kontena na wenzake, na anayekusanya mizigo yao ndiye anayewapangia bei ya usafiri. Mzigo ukifika, anakutana na mwenye jengo: kodi ya pango ya miezi kadhaa mkononi, na kilemba, yaani malipo ya pembeni ya kupata fremu, kabla ya kupewa ufunguo. Hapo ndipo lango linapobana, na wengi wanaoushika ufunguo huo ni Watanzania wenzetu.

Linganisha na kodi ya serikali: Mei 2023 maduka ya Kariakoo yalifungwa kwa mgomo, hadi Waziri Mkuu wa wakati huo, Kassim Majaliwa, akaenda kuwasikiliza wafanyabiashara Mnazi Mmoja. Kamatakamata ya kodi na usajili wa stoo vilijadiliwa mchana kweupe, kama ilivyostahili. Kodi ya serikali ina karatasi, mtu anaweza kuinyanyua mbele ya kiongozi akalalamika. Kilemba hakina risiti. Anayekilipa hukirudisha kwenye bei ya begi, na mzazi hukilipa bila kujua.

Tume ya Ushindani tunaijua Kariakoo kwa misako ya bidhaa bandia. Lakini Sheria ya Ushindani ya mwaka 2003 inaipa pia kazi ya kuzuia makubaliano yanayobana ushindani na matumizi mabaya ya nguvu ya soko. Naiomba ifungue faili la fremu na makontena: nani anamiliki ngapi, kilemba kinapangwa na nani, ada za kukusanya mizigo zinatofautianaje kati ya kampuni na kampuni. Kisha itangaze matokeo redioni, kijana anayetaka kuanza kuuza mabegi ayasikie kabla hajauza kiwanja chake kutafuta mtaji.