Okidi za Rweya: Namna ya Kuzitambua na Mahali Zinapoota

Juma hili tunatoka kidogo kibanjani. Tuache migomba na kahawa, tupite kwenye omusiri wa njugumawe, twende mpaka rweya, mahali ambapo wengi wetu huenda kukata nyasi za kutandika shambani na kurudi. Hapo Izigo, na katika rweya nyingine za Muleba na Bukoba, huota maua yaitwayo okidi. Mengine yamekuwa adimu, na sababu mtazisikia.

Okidi ni nini? Wale mnaolima vanila mnaijua tayari, kwa sababu vanila ni okidi. Asili yake ni Meksiko. Njia ya kuichavusha kwa kijiti ilibuniwa mwaka 1841 katika kisiwa cha Réunion na Edmond Albius, mtoto wa miaka 12 aliyekuwa mtumwa. Basi kumbukeni lile ua mnalolishika asubuhi. Lina vipande sita vya nje, na kimoja kati ya hivyo hakifanani na vingine: hicho huitwa mdomo. Katikati pana nguzo moja tu, iliyobeba sehemu ya kiume na ya kike pamoja. Ukiviona viwili hivyo, mdomo na nguzo moja, karibu hakika umeipata okidi. Ua la gladiola ya porini hudanganya wengi, lakini ndani yake mna nyuzi tatu zilizoachana, zenye unga wa chavua unaopeperuka. Chavua ya okidi hushikamana kama vidonge vya nta.

Sasa tazameni mkia, yaani kile kimrija kinachoning'inia nyuma ya ua. Satyrium ina mikia miwili. Disa huwa na mmoja, nao hutoka kwenye kofia ya juu. Habenaria nyingi ni nyeupe au kijani, na mkia wake huwa mrefu mwembamba. Mwenye kuufikia utamu wa ndani ni nondo mwenye ulimi mrefu, ajapo usiku. Ndugu yake wa mbali wa nyanda za majani za Marekani, Platanthera praeclara, naye hutegemea nondo, na tangu mwaka 1989 analindwa na sheria ya huko kwa sababu nyasi zake ziligeuzwa mashamba.

Mahali pa kutafuta ni pale mkulima anapopadharau: udongo mwembamba wa kichanga juu ya mawe, au pembezoni mwa bonde panapochuruzika maji. Okidi hizi hazitaki mbolea wala kivuli. Mbegu yake ni kama vumbi, haina chakula ndani, haiwezi kuota mpaka ikutane na aina fulani ya kuvu iliyomo ardhini. Ndiyo maana mtu akiing'oa akaipanda mbele ya nyumba, mara nyingi hufa. Kupanda mikaratusi na misonobari kuna faida yake, sikatai, lakini ukiijaza rweya yote miti, okidi za hapo zimekwisha.

Jambo la kiazi nalo nitalieleza zaidi. Okidi nyingi za ardhini zina viazi viwili: kimoja kikuukuu kilichosinyaa, kimoja kigumu cha mwaka ujao. Mchimbaji hukitaka kile kigumu, na hapo ndipo mmea unapokufa. Kule Nyanda za Juu za Kusini viazi hivi vilichimbwa kwa mamilioni na kupelekwa Zambia kupikwa chikanda, pamoja na unga wa karanga. Kitulo, inayosifika kwa maua hayo, ikafanywa Hifadhi ya Taifa mwaka 2005. Wachimbaji hawakuwa watu wabaya. Walikuwa wanatafuta ada ya shule kama sisi. Lakini mlima uliochimbwa ukaisha, mnunuzi huhamia mlima mwingine. Akifika kwenu akitaka viazi vya rweya, mjue kwamba okidi zote za porini zimo katika mkataba wa CITES, na kuzivusha mpaka bila kibali ni kosa.

Tafuteni wakati wa mvua. Mkiona ua, msichimbe. Chomekeni mti pembeni, mpige picha kwa simu ya mkononi, ua lionekane mbele na ubavuni ili mkia uonekane, kisha mwonesheni bwana shamba au bibi shamba wenu. Moto usiwashwe chipukizi zikishatokeza. Nyasi zilizochomwa mapema, viazi vikiwa bado vimelala chini, haziviumizi sana.

Na wakata nyasi wapitishe mundu mbali na ule mti mpaka vitumba vikauke na kupasuka wenyewe. Baada ya hapo kateni tu, nyasi ni zenu.

Juma lijalo, wakati kama huu.