Magongo, Mto na Deni: Vita vya Kisangani katika filamu za Dieudo Hamadi



Ukitaja Vita vya Siku Sita, wengi watafikiria Mashariki ya Kati, 1967. Mtu wa Kisangani atakuelewa vingine. Kwake ni tarehe 5 hadi 10 Juni 2000, pale majeshi ya Uganda na Rwanda, yaliyoingia Kongo yakiwa washirika, yalipogeuziana mizinga katikati ya mji usio wao. Makombora yalianguka kwa maelfu. Raia waliouawa walihesabiwa kwa mamia, na waliojeruhiwa walizidi elfu moja.

Dieudo Hamadi alizaliwa mjini humo mwaka 1984. Alisomea udaktari kabla ya kushika kamera, nami nauona udaktari huo katika utazamaji wake: hukaa karibu na kidonda, hana pupa, wala hageuzi uso. Katika *Maman Colonelle* (2017) anamfuata ofisa wa polisi, Honorine Munyole, aliyehamishwa kutoka Bukavu kwenda Kisangani, na huko wanamjia wanawake walioumizwa na vita hivyo, bado wakisubiri mtu wa kuwasikiliza.

Lakini leo nataka tukae zaidi na *En route pour le milliard*, filamu ya 2020. Majeruhi wa Kisangani, baadhi kwa magongo na miguu ya bandia, wanapanda boti na kuteremka Mto Kongo hadi Kinshasa, zaidi ya kilomita 1,000, kudai fidia. Boti imejaa, mvua inapiga, watu wanajificha chini ya maturubai. Kamera haiwatangulii. Inakwenda kwa mwendo wa gongo, na mtazamaji mwenye miguu miwili analazimika kungoja.

Katikati ya safari Hamadi anaingiza jukwaa la maigizo, ambapo watu walewale wanaimba na kuigiza yaliyowapata. Nilijiuliza kwa muda mrefu kwa nini. Naamini ni kwa sababu huko Kinshasa, mbele ya Bunge la nchi yao, wao ni waombaji wa kuzuiwa mlangoni. Jukwaani hakuna askari wa kuwafukuza. Kiswahili kinatusaidia hapa: mwenye kudai hasemi tu kwamba anakumbuka, bali humkumbusha mdaiwa. Filamu hii inakumbusha. Ndiyo maana siwezi kuiita filamu ya maombolezo.

Na deni lenyewe lilifika hata mahakamani. Tarehe 9 Februari 2022 Mahakama ya Kimataifa ya Haki iliiamuru Uganda kuilipa Kongo dola milioni 325, kati yake milioni 225 kwa madhara waliyopata watu. Kuhusu Rwanda, mahakama hiyohiyo ilikuwa imesema mwaka 2006 kwamba haina mamlaka ya kusikiliza kesi. Na aliyekatwa mguu akiwa nyumbani kwake Kisangani, hakupata nafasi ya kutazama kombora linatoka upande gani.